Mkate, maziwa na makinda watatu wa shore

Tawi lenyewe nililikatisha kwa hela yangu. Mwembe wetu hapa Mbagala ulikuwa umelalia bati, na upepo ukivuma usiku ungedhani kuna mtu anaburuta jiko juu ya dari. Vuli ilikuwa imeanza, nikaogopa bati lisije likatoboka katikati ya mvua, nikamwita kijana mmoja wa mtaani anayekata miti, tukapatana elfu ishirini. Jumamosi saa tatu asubuhi tawi likashuka.

Hakuna aliyeangalia juu kabla ya panga kuanza kazi. Makosa mengine yote ninayoyaeleza hapa yalizaliwa na hilo. Mvua zikianza wadudu wanafumuka, na ndege wengi hutaga wakati huo kwa sababu hiyohiyo: makinda wao wakute chakula. Kama una mti wa kukata na unaweza kusubiri, subiri mvua zipite. Kama huwezi, simama chini yake nusu saa na kikombe chako cha chai, utazame kama kuna ndege anayeingia na kutoka sehemu moja akiwa na kitu mdomoni.

Kijana wangu wa mwisho, yuko darasa la tano, ndiye aliyekiona kiota kwenye majani yaliyoanguka. Kilikuwa kidogo kama kikombe cha chai, kimesukwa kwa vijiti vyembamba na mizizi, na ndani yake makinda watatu wamebanana. Manyoya yalikuwa bado yamo kwenye vifuko vyake, yamesimama mgongoni kama sindano. Macho ndiyo kwanza yanafunguka. Wazazi wao walikuwa kwenye waya wa nguo wanapiga kelele: ndege wa rangi ya udongo, kichwa cheusi chenye kishungi kidogo, na chini ya mkia kuna njano kama wamechovywa kwenye manjano. Nyumbani tulikuwa tunawaita "ndege wa papai" kwa sababu hawatuachii papai lolote liive. Jina lao, nilikuja kuambiwa baadaye, ni shore.

Jirani yangu aliponiona nimekishika kile kiota akasema, "Umeshawagusa? Basi tena. Mama yao hawataki, wananuka mtu." Maneno hayo nimeyasikia tangu utotoni na sikuwahi kujiuliza kama ni kweli. Si kweli. Ndege hawamkatai mtoto wao kwa harufu ya mkono wako. Kinachowafukuza ni wewe kusimama pale pale karibu na kiota, hawathubutu kusogea. Lakini siku hiyo sikujua, nikawaingiza makinda ndani, nikawalaza kwenye boksi la viatu lenye vipande vya kitenge.

Mimi ni fundi cherehani, nashona nyumbani. Nilijiambia: nimelea wanne wa kwangu, watatu wa ndege watanishinda nini?

Nilichukua mkate, nikaulowesha kwenye maziwa, nikawa nawawekea kidogo kidogo kwa ncha ya kijiti. Walipanua midomo! Midomo yenye kingo za njano, mikubwa kuliko vichwa. Unapoona kinda anapanua hivyo unapata raha ya ajabu, unahisi umefanya kitu. Kumbe kinda mwenye njaa atampanulia mdomo hata kijiti kitupu. Kisha nikawaza, hawa lazima wana kiu. Nikachukua bomba la sindano la dawa ya watoto, nikamdondoshea maji yule mdogo zaidi. Matone matatu. La nne likatokea puani kama povu la sabuni. Alikuwa amekufa kabla ya adhana ya isha.

Nilikuja kuelewa baadaye. Tundu la hewa la ndege liko nyuma kidogo tu ya ulimi, wazi. Ukimdondoshea kinda maji mdomoni, ni rahisi sana yaende mapafuni. Makinda wa ndege kama hawa hawanyweshwi maji na mtu yeyote. Maji yao yamo ndani ya kiwavi na tunda. Na maziwa ndege hana uwezo wa kuyameng'enya, yanamharisha tu. Mkate unamjaza tumbo bila kumjenga. Kwa hiyo hata wale wawili ambao sikuwanywesha, nilikuwa nimeshaanza kuwaumiza.

Jumapili nikaenda duka la dawa za mifugo. Muuzaji hakuniuliza ni ndege gani wala ana umri gani, na mimi sikumwambia. Nilitoka na antibaotiki ya unga na kilo ya chakula cha vifaranga, elfu kumi na nane na mia tano. Dawa sikuitumia, namshukuru Mungu. Chakula nilikikoroga, wakakitema. Kifaranga cha kuku kikitoka kwenye yai kinasimama na kuanza kudonoa chenyewe. Kinda wa shore anazaliwa kipofu na uchi, anangoja kuwekewa kooni. Kuwaweka kapu moja kwa kuwa wote ni ndege ni kama kumpa mtoto mchanga makande kwa kuwa baba yake anayala.

Siku hiyo ndipo nilipogundua kazi yenyewe ilivyo. Kila baada ya dakika ishirini wanalia. Natia uzi, wanalia. Nabandika zipu, wanalia. Nilikuwa na gauni la sendofu la kumaliza Jumatano, kianzio nimeshakula, na hadi Jumapili jioni nilikuwa nimeshona upande mmoja tu, tena kombo.

Mwanangu akapata wazo ambalo lilikuwa zuri, akalifanyia mahali pabaya. Alikwenda kwenye bustani za mchicha bondeni akarudi na kopo la panzi. Nilichukua kile kibano cha kutungia uzi kwenye ovaloki, chembamba, ncha zake zimepinda, nikawang'oa panzi miguu ya nyuma ile yenye miiba, nikawalisha. Mkubwa alimeza wanne mfululizo. Mwenzake akatema, akala kidogo kiini cha yai la kuchemsha. Baada ya kumeza, mkubwa akageuka, akainua makalio, akatoa kifuko cheupe cha kinyesi kilichofungwa vizuri kama kitone cha uji kwenye nailoni. Mwanangu alicheka mpaka akakaa chini. Ndivyo walivyoumbwa: mzazi anakidaka kile kifuko anakitupa mbali, kiota kinabaki safi.

Ilipofika magharibi mkubwa akaanza kutetemeka. Kichwa kikamwendea nyuma, miguu ikakaza. Siwezi kuapa kilichomuua. Ninachojua ni kwamba mwenye bustani alikuwa amepuliza dawa siku moja kabla, na aliyekula panzi wengi ndiye aliyekufa, aliyetema ndiye aliyebaki. Tangu hapo wadudu wa bustani iliyopulizwa sitaki hata kuwaona, na chumba nilichopuliza dawa ya mende siokoti mende wake kumpa kuku. Mdudu anayetambaa kizembe, ambaye mtoto anamkamata bila kukimbizana, mara nyingi ana sababu ya kuzembea.

Usiku huo nililia. Mume wangu alidhani kuna msiba kwetu.

Jumatatu asubuhi akaja mzee mmoja jirani, mtu wa Rufiji, kuchukua suruali yake.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Ndani kwako kuna nini kinalia kama mlango wa kabati?"

Nikamwonyesha boksi. Hakuliangalia sana. Aligeuka akasikiliza nje, kwenye mwembe.

"Na hao wanaolia huko nje tangu juzi, unafikiri wanamlilia nani?"

Niliona aibu. Siku mbili nzima wale wazazi walikuwa wanazunguka uani, na mimi nilikuwa nimefunga dirisha kwa sababu ya kelele zao.

Mzee huyu alikulia dunguni, kwenye kile kibanda cha juu cha kulindia shamba. Kwao mpunga ukianza kutoa, watoto walikuwa wanapelekwa shamba kuamia ndege, toka alfajiri mpaka giza, na kombeo na debe la kugonga. Adui mkubwa alikuwa kwelea kwelea. Ndege mmoja anakula nafaka kama gramu 10 kwa siku, ambayo si kitu, lakini hawaji mmoja. Wanakuja kama moshi. Nikamwambia basi kumbe nafaka ni chakula cha ndege, na mimi nimehangaika na panzi bure. Akatikisa kichwa. "Mpunga ni wa wakubwa. Viota vyao nimevikuta vingi. Hata yeye mwizi wa mpunga, mtoto wake akiwa mchanga anamletea mdudu."

Hilo nimelithibitisha kwa macho yangu kwa ndege wengine tangu siku ile. Chozi, yule ndege mdogo anayenyonya maji ya ua la mgomba kwenye karo letu, mdomo wake umepinda kama sindano ya kushonea magodoro, naye nilimwona anabeba buibui kupeleka kiotani. Utamu unampa nguvu yeye ya kurukaruka. Mtoto anataka nyama ili aote manyoya.

Mzee alimtuma mwanangu akalete pakacha. Tukaweka kile kiota cha asili ndani yake, kinda juu yake, tukalifunga kwenye tawi lililobaki, karibu kadiri tulivyoweza na pale pa zamani, kwenye kivuli, juu kuliko paka anavyoweza kuruka. Kisha akatuamuru wote tuingie ndani. "Na pazia shusheni. Mkimchungulia haji."

Dakika arobaini. Nilizihesabu kwa saa ya simu. Mmoja alitua kwenye waya wa nguo akiwa na kiwavi wa kijani mdomoni, akakaa nacho, akaangalia kushoto, kulia, akaruka mpaka kwenye michongoma, akarudi kwenye waya. Kiwavi bado kinaning'inia. Akaenda kwenye ukingo wa pakacha. Ule mdomo wa njano ukainuka. Mama akaingiza mdomo wake kooni kabisa kwa mtoto, si pale mbele kama mimi, akasubiri kidogo kuona kama kimemezwa. Hakikumezwa. Akakitoa, akakibana upya kwa kichwa kwanza, akakirudisha. Kikaenda. Mimi nyuma ya pazia nilikuwa nimeuma kanga.

Najua si kila mara inakuwa hivyo. Baada ya siku mbili wangeweza kuwa wameshakata tamaa. Kwa hiyo ukiokota kinda asiye na manyoya, mrudishe siku hiyohiyo, kwenye kiota chake au kwenye kikapu, na uondoke. Na ukimkuta aliye na manyoya tayari, mkia mfupi, anarukaruka chini, huyo mara nyingi hajaanguka. Ametoka mwenyewe kiotani na wazazi wako karibu wanamlisha. Msogeze tu kwenye kichaka, mfunge paka.

Meza yangu ya kushonea iko dirishani, kwa hiyo siku zilizofuata nilikuwa nashona na kutazama. Nilikuwa na chaki ya kitambaa, kila safari nachora mstari pembeni ya meza. Kwa muda wa saa moja asubuhi, jua likiwa limetoka baada ya mvua, nilichora mistari kumi na moja. Mchana wa jua kali, minne. Mwanzoni ilikuwa viwavi, buibui na vitu vidogo ambavyo sikuvitambua. Kisha panzi: baba au mama, siwatofautishi, alikuwa anambamiza panzi kwenye tawi, pa, pa, pa, mpaka miguu idondoke, ndipo anampeleka. Kazi ileile niliyoifanya kwa kibano. Siku ya nne hivi likaanza kuingia tunda, mwarobaini ulioiva na papai. Hawabadilishi ghafla. Kwa siku kadhaa ni mdudu, mdudu, tunda, mdudu.

Na jioni moja wakatoka kumbikumbi. Mvua ilikuwa imekatika saa kumi, kwenye nyufa za karo wakaanza kumwagika, mabawa yanameta. Sijawahi kuona karamu ya namna ile uani kwangu. Shore wakawa wanawadaka hewani kama si ndege wa matunda. Kuku wakawa wanakimbia na shingo zimenyooka. Mbayuwayu walipita juu, wanakula bila kutua. Hata shomoro wa kwenye dari, ambao mchana kutwa wanagombea chenga za mchele, walikuja chini. Watoto wa mtaani nao wakaja na sufuria, maana kumbikumbi wa kukaanga na chumvi hawana mpinzani. Kinda wetu siku hiyo alilala tumbo limetuna kama puto.

Hapo ndipo nilipotaka kulipa fadhila. Jioni iliyofuata nilichukua kiporo cha wali, nikakitandaza juu ya ukuta ili "wazazi wapumzike kutafuta". Hata dakika kumi hazikupita. Kunguru saba. Wale wenye shingo ya kijivu, ambao walianza kuletwa Unguja miaka ya 1890 ili wasafishe taka, na leo hapa Dar hakuna jalala wasilolimiliki. Walimaliza wali, wakabaki wanaangaza macho. Mmoja akaruka mpaka kwenye mwembe, akainamisha kichwa kutazama ndani ya pakacha. Shore wote wawili wakamvaa wakipiga kelele, mimi nikatoka na ufagio, mwanangu na ndala. Aliondoka. Lakini alishajua.

Kunguru anakula yai, anakula kinda, anakula chochote, na anakumbuka mahali alipopata. Mzee aliponisikia nasimulia alikasirika kuliko siku ile nilipomwonyesha boksi. "Umemwita mwizi ukampikia na chai." Nilikata matawi mawili ya mnazi nikayaning'iniza kama paa juu ya pakacha, upande mmoja wazi. Wali wenyewe hauna faida: una chumvi na mafuta, na usiku ulivuta panya. Ukitaka kuwafaidi ndege, weka chombo kipana cha maji, kina kifupi kama sahani, kioshe kila siku ili mbu wasizae. Na acha papai moja la juu liivie mtini. Basi.

Kutoka kwenye kile chombo cha maji ndipo nilipoona tofauti nyingine. Kuku na shore wanachota, wanainua kichwa, maji yanateremka. Njiwa hainui kichwa. Anazamisha mdomo na kuvuta kama anatumia mrija. Nalitaja hili kwa sababu mteja wangu mmoja aliposikia habari zangu aliniletea kinda la njiwa nimlee kwa panzi. Nilikataa. Njiwa hamlishi mtoto wake mdudu. Baba na mama wote wanatengeneza kitu kama maziwa mazito kwenye gole, kile kifuko cha kooni, na kinda anaingiza mdomo wake ndani ya mdomo wa mzazi kuyafyonza. Panzi wangemuumiza yule kama mkate ulivyoanza kuwaumiza wa kwangu. Alimrudisha alikomtoa. Kabla ya kumlisha ndege yeyote, mjue kwanza ni ndege gani.

Mwanangu alitaka tumweke wetu kwenye tundu. Alikuwa ameshapata na waya. Nilimwambia kwanza kwamba ndege wa porini si mali yetu hata akizaliwa juu ya bati letu, kumfuga kunataka kibali, na iko Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009. Hilo halikumwingia. Nikamwambia basi yeye ndiye atakayetafuta viwavi kila dakika ishirini, kuanzia alfajiri, pamoja na siku za shule. Hilo lilimwingia.

Kinda alitoka kwenye pakacha Jumatano ya wiki ya pili. Hakuruka, alianguka kwa adabu. Akapiga mabawa, akatua kwenye michongoma, akakaa humo siku tatu na mkia wake wa kipande, akilia, na wazazi wanamfuata humohumo. Wiki mbili baadaye nilikuwa bado namwona juu ya mpapai, ameshalingana nao ukubwa, lakini anatetemesha mabawa na kupanua mdomo mbele ya papai lililopasuka, anangoja kulishwa. Mama akadonoa, akameza mwenyewe, akamwacha.

Gauni la sendofu lilichelewa siku moja. Mwenye shughuli, mama mkubwa wa bi harusi, alikata elfu kumi na tano kwenye hela yangu ya mwisho, na sikuwa na cha kubisha. Juzi amekuja tena na vitambaa vya ubatizo. Akiwa anakunywa maji akainua macho kwenye mwembe.

"Lile pakacha la nini pale juu?"

Nikamwambia la ndege.

Akanyamaza kidogo, akaniangalia. "Ndilo lililokula elfu kumi na tano zako?"

"Ndilo hilo, dada."

"Haya," akasema, akavuta vitambaa vyake kidogo upande wake wa meza. "Mimi nitavifuata Ijumaa. Huyo ndege asiwepo."